Salamu za Shukrani: Mazishi ya Baba Yetu, Mwanadiplomasia Mstaafu, Ujiji – Kigoma

Bismillahir Rahmanir Rahim.

Familia ya marehemu mzee wetu, mtumishi mstaafu wa Wizara ya Mambo ya Nje na mzaliwa wa Ujiji, inatoa shukrani za dhati kwa wote mliokuwa nasi tangu alipoanza kuugua mpaka tulipomsitiri. Mlikuwa wengi, na hatuna uwezo wa kupita nyumba kwa nyumba kumshika mkono kila mmoja. Tunawaombeni mzipokee shukrani zetu kwa njia hii.

Tuanze na madaktari na wauguzi wa Hospitali ya Maweni. Mlimhudumia baba kwa upole hadi dakika ya mwisho. Yupo muuguzi mmoja, binti wa Kasulu, ambaye kila akiingia zamu alimwamkia kwa Kiha kabla hajagusa dripu wala kupima presha. Baba alikuwa amekwisha kuacha kuzungumza na sisi wanawe, lakini yule binti alimwitikia, kwa sauti ndogo, kila asubuhi. Siku aliyoshindwa kuitikia aliinua kidole. Dada yetu, Mungu akulipe. Ulitupa siku chache za kusikia sauti yake ambazo tusingezipata.

Kwa imamu na masheikhe waliosimamia kumwosha, kumkafini na kumswalia, kwa vijana waliochimba kaburi alfajiri wakati mvua ikinyesha, kwa majirani waliotufungulia nyua zao tukaweka maturubai, kwa wenzetu wa chama cha kufa na kuzikana: ahsanteni sana. Akina mama mlikesha jikoni siku zote za matanga. Wavuvi wa Kibirizi mlileta migebuka na dagaa, mkakataa kabisa kupokea fedha. Mliotuma rambirambi kwa simu kutoka Dar es Salaam, Tabora, Dodoma na ughaibuni, kila kilichotumwa kimefika na kimeandikwa daftarini.

Wageni waliotoka mbali wanastahili neno lao. Wengine walitoka Bujumbura wakapitia Manyovu, wengine walivuka ziwa kutoka Uvira na Kalemie. Chini ya maturubai yale watu walilia kwa Kiswahili, Kiha, Kirundi na Kibembe, na wazee wawili walisimama wakamuaga mwenzao kwa Kifaransa. Kwa mtu mgeni ingeonekana ajabu. Kwa baba ndivyo alivyokua. Nyumbani kwa bibi kulikuwa na Kiha na Kiswahili, bandarini kulikuwa na wafanyabiashara wa Burundi na wa Kongo, naye mtoto alitumwa kupeleka bei na kurudi na jibu. Kifaransa alikifuata mwenyewe. Akiwa mwanafunzi Tabora, katika shule ya wavulana aliyosoma Mwalimu Nyerere, alikuwa akipanda treni ya Kigoma na kitabu cha sarufi mapajani, na wenzake waliosafiri naye walituambia matangani kwamba hakulala njia nzima.

Kazi yake aliifanya kimya. Alisoma katika Chuo cha Diplomasia pale Kurasini, kilichoanzishwa mwaka 1978 kwa ushirikiano wa Tanzania na Msumbiji, na hapo Kireno kikamwingia kwa kukaa bweni moja na Wamsumbiji. Baadaye alitumikia Maputo, kisha Kinshasa, alikopata Kilingala, kisha Addis Ababa, miaka ambayo Dkt. Salim Ahmed Salim alikuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika. Mama alihama naye kila mahali, akifunga na kufungua masanduku, akitulea. Shukrani zozote anazopewa baba kwa utumishi wake, nusu yake ni haki ya mama, na tunaisema hadharani kwa kuwa baba mwenyewe alikuwa akiisema.

Tunawashukuru kwa namna ya pekee wafanyakazi wenzake wa zamani waliofunga safari kuja Ujiji. Mlituletea habari ambazo hatukuwa nazo. Baba hakuwahi kutusimulia mazungumzo ya amani ya Burundi. Tulijua tu kwamba kuanzia mwaka 1998 alikuwa akienda Arusha na kukaa huko wiki nyingi. Ninyi ndio mliotueleza kwamba pale palikuwa na pande 19 na kamati 5, na kwamba wajumbe waliopeana mgongo ukumbini hawakukubali hata kunywa chai pamoja. Baba, afisa asiye na cheo kikubwa, alikuwa akichukua kikombe chake na kukaa na hawa, kisha akaenda kukaa na wale, akiuliza habari za wazazi na za ng'ombe nyumbani, kwa Kirundi cha pwani ya ziwa, bila kubeba neno la meza hii kulipeleka meza ile. Mlisema ndiyo sababu pande zote zilimwamini. Mwalimu Nyerere, aliyekuwa msuluhishi wa mazungumzo yale, alipofariki Oktoba 14, 1999, baba alilia, hilo tuliliona. Msuluhishi akawa Mzee Mandela, na mkataba ukatiwa saini Agosti 28, 2000. Jioni ile baba alipiga simu nyumbani akauliza kama mwembe umezaa. Hakusema jingine.

Mwingine tunayemshukuru ni mama mmoja wa Kirundi aliyekuja na wanawe wawili wakubwa. Mwaka 2015, wakimbizi wa Burundi walipofurika Kagunga, kijiji cha mpakani kando ya ziwa, na kipindupindu kikaingia, meli ya Liemba ilikuwa ikisimama majini na watu kupelekwa kwa mitumbwi, kisha wakashushwa Kigoma na kuhifadhiwa kwa muda Uwanja wa Lake Tanganyika kabla ya kwenda kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu. Baba alikuwa amestaafu. Hakutumwa na mtu. Alikwenda uwanjani na kiti chake cha kukunja na daftari, akawa anaandika majina ya watoto waliopotezana na wazazi, kijiji walikotoka na jina la mlima wao. Mama yule alisema mmoja wa wanawe alipatikana kupitia daftari lile. Mama, hukutujua wala hukudaiwa kuja. Umetuheshimu mno.

Khitma ya marehemu itasomwa Ijumaa ya arobaini yake, baada ya Swala ya Ijumaa, nyumbani Ujiji. Nyote mnakaribishwa, na watakaovuka ziwa watujulishe mapema tuwaandalie pa kulala.

Aliyekuwa akimdai marehemu, au aliyemwachia amana, tunamwomba afike kwa familia kabla ya siku hiyo. Baba alikuwa mwazima vitabu mkubwa, na kabatini tumekuta kamusi na vitabu vya Kifaransa na Kireno vyenye majina ya watu wengine. Kila kimoja kimewekwa kando na kinamsubiri mwenyewe.

Innaa lillahi wa innaa ilayhi raajiun.

Ni sisi watoto wa marehemu, kwa niaba ya mama na ukoo mzima.