Kwa Rashidi, kuhusu Kombo na lile zimwi

Rashidi ndugu yangu,

Salamu nyingi, za nyumbani nitakupa siku nyingine. Mama Salma kanieleza kuwa zimwi la tamthilia yenu limekamilika, sponji ndani na mpira juu, na Kombo atalivaa dakika ishirini mfululizo. Dakika ishirini! Nimeona nikuandikie kabla hamjaanza mazoezi.

Msomee Kombo habari za Haruo Nakajima. Sura yake wachache wanaijua, lakini mwili wake umeonekana dunia nzima: ndiye aliyekuwa ndani ya vazi la Godzilla, lile zimwi la filamu za Kijapani, tangu filamu ya kwanza, 1954, hadi 1972, filamu 12. Studio ya Toho ilikuwa ikimpa vijisehemu tu. Mwaka huohuo wa 1954 alikuwa mmoja wa majambazi katika filamu ya mwongozaji Kurosawa ya samurai saba, akauawa kwa upanga.

Vazi la kwanza lilikuwa na kilo 100 hivi: fito za mianzi na wavu wa waya, kisha mpira tabaka juu ya tabaka. Lilipokauka likakakamaa, Nakajima akapiga hatua chache akaanguka. Walilikata mapande mawili, nusu ya chini ikatumika kwa picha za miguu peke yake, wakatengeneza jingine jepesi. Kwa hiyo lenu likiwa gumu kiunoni na magotini, msimlazimishe Kombo alizoee. Likateni.

Joto ndilo linalonitia hofu. Eiji Tsuburaya, bingwa wa hila za kamera, alipiga picha kwa kasi kuliko kawaida ili zikionyeshwa zimwi litembee polepole, lionekane zito. Kamera ya namna hiyo hudai mwanga mwingi, na taa zile ni moto mtupu. Jasho halina pa kutokea kwenye mpira, ikabidi walimwage kutoka ndani ya vazi. Nakajima alikaa humo dakika chache tu kwa mara moja, na Katsumi Tezuka alikuwepo wa kupokezana naye. Watu wa kazi hiyohiyo, Rashidi, nao walihitaji wa kuwapokea.

Kichwa cha zimwi kilikuwa juu ya kichwa chake, akiona kwa matundu madogo shingoni. Mtoboleeni Kombo hapohapo, na matundu mengine kwapani. Avae fulana ya pamba. Mgongoni wekeni zipu inayofunguka kwa mkono mmoja kutoka nje. Kamba za mafundo hazifai, mtu akiishiwa pumzi nani atafungua mafundo?

Mwendo nao usiupuuze. Nakajima alikwenda bustani ya wanyama ya Ueno, Tokyo, kuwatazama tembo na dubu. Kombo akanyage kwa unyayo mzima, bila kurukaruka.

Inaniuma kwamba baada ya yote hayo, Toho ilipopunguza waigizaji wake, alipelekwa kufanya kazi kwenye ukumbi wa kampuni wa mchezo wa bowling. Alifariki 2017, akiwa na miaka 88.

Sasa nijibu upesi: vazi lina kilo ngapi? Mmelipima likiwa kavu au limelowa jasho? Taa za jukwaani ziko umbali gani naye? Nani atasimama pembeni mwenye idhini ya kusimamisha onyesho? Na wa kumpokea Kombo mmeshampata?

Wako,
Hamisi