Salamu za Mwaka wa 12, na ile siku ya 365

Ndugu zangu wajenzi na wasomaji wa dunia yetu ya kubuni, shikamooni wakubwa, na wadogo hamjambo. Nawatakia heri ya Mwaka wa 12. Najua taa mmeshazima, mbegu mmeshagawana, na wenye madeni ya Mwezi wa Karibu mmeshajificha nyuma ya Mwezi wa Mbali. (Dunia yenye miezi miwili, mtu akikuambia "nitakulipa mwezi ujao", umekwisha.)

Mwaka tunaouaga ulikuwa mchungu. Dada yangu, aliyetutunzia hesabu tangu mwaka wa kwanza, hatunaye tena. Wengi mlimjua kwa ugomvi wetu wa siku ya 365. Mwezi wa Karibu huzunguka kwa siku 28, wa Mbali kwa siku 52. Mizunguko 13 ya huyu na 7 ya yule yote hutua kwenye 364, na miezi yote miwili ikapevuka usiku mmoja. Mimi nikasema mwaka uishie hapo, hesabu imekaa vizuri. Yeye akasema jua lina siku 365 na halibembelezwi: kila mwaka ukila siku moja, baada ya miaka 91 mavuno yameshateleza robo mwaka. Akanitajia Papa Gregory wa 13, aliyelazimika kuruka siku 10 mwaka 1582, watu wakalala tarehe 4 Oktoba wakaamka tarehe 15. Nikamjibu kwa Wafaransa wa 1793 na wiki yao ya siku 10, jambo ambalo hata halikuhusu. Nilikuwa nashindwa tu. "Mdogo wangu," akasema, "Waethiopia wana mwezi wa 13 wa siku 5 au 6, na wameuita mwezi. Wewe siku moja inakukera nini?"

Nimelifungua daftari lake la hesabu, lile lenye vijisanduku. Alama zake za penseli zinakoma mwezi wa 9, siku ya 17. Lakini chini kabisa ya ukurasa, baada ya 364, alikuwa ameshachora kijisanduku kimoja, kimetoka nje ya mstari.

Basi nawausia, na mnivumilie. Anayebuni dunia asianze na majina matamu ya miezi, aanze na jua. Tulipe madeni. Tusameheane mapema, maana siku ya mtu haitangazwi. Na tusimfute mtu, wala siku, kwa kuwa ametuharibia hesabu tuliyoipenda. Haya nayasema kwa kujisuta mimi kwanza.

Kuanzia mwaka huu siku ya 365 imo. Sikukuu ijayo miezi itakuwa imepevuka pamoja siku moja kabla yetu, ya baadaye siku mbili, tutazoea. Mwenye kalenda ya zamani aongeze kijisanduku baada ya 364. Heri ya mwaka mpya, mbegu zenu ziote, na miezi yote miwili iwaangazie nyinyi na jamaa zenu.