Nahodha kafutwa kwa barua asiyoielewa

Mhariri,

Naandika nikiwa na hasira kidogo kwa hivyo mnisamehe nikirukaruka. Ami yangu alikuwa nahodha wa boti la ofisi moja ya umma huku kwetu Lamu, ofisi siitaji, miaka kumi na tisa hajapewa hata onyo la mdomo. Siku moja akapewa barua, Kiingereza kitupu kurasa mbili, mhuri juu mhuri chini, akaikunja akaitia mfukoni akidhani ni ya likizo maana alikuwa ameomba. Mzee kasoma chuo cha Qurani, Kiswahili na Kiarabu anasoma vizuri tu, Kiingereza chake ni cha kupandishia watalii botini basi. Jioni barazani ndio akanipa nimsomee, kumbe anatakiwa ajieleze kwa nini asifutwe, eti mafuta ya boti yamepotea, na kamati ya nidhamu inamngoja kesho yake saa tatu. Kesho yake! Na barua ina tarehe ya siku nane nyuma, ilikuwa imelala wapi Mungu ndiye ajuaye.

Sasa hayo mafuta. Kutoka Amu, yaani mji wa Lamu, kwenda Faza kisiwani Pate njia ni Mkanda, ule mkondo mwembamba kati ya kisiwa cha Manda na bara, lakini siku za bamvua, bahari inapojaa na kutoka sana, maji yakitoka pale huwa tope, ama ungoje maji yajae ama uzunguke Manda kwa nje upitie Shela, na ikiwa ni msimu wa upepo wa kusi basi kurudi unapigwa na mawimbi usoni njia nzima na injini inakunywa petroli kama haina haya. Safari ni ile ile lakini leo inakula hivi, wiki ijayo vingine. Na ami alikuwa akiyaandika haya kwenye buku la boti, kwa penseli, "Mkanda mkavu, nimezunguka". Hilo buku bosi alilichukua mapema na kwenye kamati halikuonekana. Mjumbe mmoja akauliza Mkanda ni nini. Niliposimuliwa nilicheka, halafu kicheko kikakata.

Aliomba aingie na mwenzake, fundi wa injini, akaambiwa hapa si kortini. Dakika ishirini kikao kimekwisha, wiki mbili baadaye barua ya kufutwa, nayo Kiingereza vile vile.

Mimi si wakili lakini kusoma najua. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 41, inasema kabla hujamfuta mtu kwa makosa ya kazini umweleze sababu kwa lugha anayoifahamu, na ana haki ya kuwa na mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama amtakaye. Lugha anayoifahamu, si lugha anayoipenda bosi. Katiba nayo kifungu cha 236 inakataza mfanyakazi wa umma kufutwa au kushushwa cheo bila kufuata utaratibu wa sheria, na cha 47 kinampa haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Na Kiswahili ni lugha rasmi ya nchi hii, kifungu cha 7, sasa kinachomshinda karani kuandika barua moja kwa Kiswahili hapa Lamu ni nini jamani?

Sisemi wezi wa petroli hawako, wako, sote tumewahi kuona mitungi ikishuka usiku, na anayeiba afutwe tena haraka. Lakini lete buku, lete risiti, muite mtu wa bahari aeleze, mpe mtu siku za kujitayarisha. Ukishindwa na hayo huna ushahidi, una chuki tu. Tena kodi zetu ndizo zinazoumia, korti ikiona mtu kafutwa bila haki inaweza kuamuru alipwe mpaka mishahara ya miezi 12, na yule bosi hatoi hata shilingi yake.

Korti ya leba iko Malindi, kwa hivyo ni basi la alfajiri kutoka Mokowe, na mtu hana mshahara. Hata hivyo tutaenda. Kwanza tumeandika kuomba nakala ya lile buku, barua tumeiandika kwa Kiswahili, tumeipeleka wenyewe na kugongewa mhuri wa kupokelewa. Hadi leo ninapoandika hawajajibu.

Msomaji wenu,
Langoni, Lamu