Kiki za muvi za kutisha ziishie ukumbini

Mhariri,

Naandika kutoka Mwanjelwa, Mbeya, naomba vijana wetu wanaotengeneza muvi za kutisha wanisikie kabla mtu hajafa. Juzi kati kuna kikundi kilimvisha dada mmoja shuka jeupe limelowa rangi nyekundu wakamsimamisha uchochoroni jioni watu wanatoka sokoni, mwenzao kajificha anarekodi na simu, kumbe tangazo la muvi yao. Mama mwenye mtoto mgongoni alikimbia akaanguka, na muda si muda vijana wa bodaboda washaokota mawe. Yule dada alipona kwa sababu kuna mtu alimtambua sura, basi.

Sikatai kiki, biashara matangazo. Ila wanaosema mbona Marekani wanafanya, waangalie vizuri. William Castle, mwongozaji wa muvi za kutisha wa huko, mwaka 1958 kwenye muvi yake Macabre alimpa kila mtazamaji bima ya dola 1,000 kutoka Lloyd's ya London endapo atakufa kwa woga, na 1959 kwenye The Tingler akafunga vimota chini ya baadhi ya viti, mdudu akitoroka kwenye muvi kiti nacho kinatetemeka, watu wanapiga mayowe na wamelipia wenyewe! Anayepita nje hajaguswa. Ila The Blair Witch Project ya 1999 ilivuka mpaka, waigizaji walitangazwa kama watu waliopotea kweli, hela ikaingia zaidi ya dola milioni 240 lakini mama wa mwigizaji mmoja akawa anapokea kadi za rambirambi na mwanae yupo hai.

Na hiyo ndo nasikia wengine wanataka kuiga huku. Huku jamani? Njombe mwanzoni mwa 2019 watoto waliuawa, hofu ikatanda nyanda zote za juu kusini, na sisi wa Mbeya na Mbozi habari za kuchuna ngozi watu tunazikumbuka. Ukibandika picha ya mtoto "amepotea" pale Kabwe hakuna atakayekaa kuuliza kama ni muvi, watamkamata mgeni yeyote aliyesimama vibaya wamchome moto. Halafu siku akipotea mtoto wa kweli watu watasema aah kiki hiyo, wapite.

Tisheni watu ndani ya banda umiza, zimeni taa, mfiche mtu nyuma ya viti, mi mwenyewe nitakata tiketi. Mkitaka kufanya kitu barabarani mwambieni kwanza mwenyekiti wa mtaa. Na matangazo ya waliopotea waachieni wazazi wanaotafuta watoto wao.

Msomaji wenu,
Mwanjelwa, Mbeya