Omena kwenye karai la Kijapani

Kisumu,
Jumapili jioni

Kwako Nafula mpendwa,

Natumai wewe na watoto hamjambo, na baridi ya Nakuru imewahurumia. Sisi huku tu wazima, joto ni lilelile unalolijua.

Uliponipigia simu uliniuliza nilivyopika yale mapishi ya Kijapani, kisha ukakata tamaa hata kabla sijajibu, eti huko huwezi kupata vitu vyao. Nimeona nikuandikie, maana kitu kinachohitajika zaidi umekijua tangu utotoni. Ni omena.

Mapishi mengi ya Wajapani huanzia kwenye supu nyepesi waiitayo dashi. Kuna wanaoichemsha kwa mwani, na kuna wanaotumia samaki wadogo waliokaushwa, niboshi. Nilipoona picha ya niboshi nilimwonyesha mama, akauliza, "Hiyo si omena?" Samaki si yuleyule, wao wanamvua baharini, lakini kazi yake ni moja. Mwaka 1908 mkemia wao, Kikunae Ikeda, akiichunguza supu ya mwani, alitambua ile ladha inayokaa ulimini bila kuwa ya sukari wala ya chumvi, akaiita umami. Nafula, bibi zetu waliijua ladha hiyo, ila hawakuipa jina.

Basi chukua omena kavu, konzi moja. Ng'oa vichwa na matumbo meusi. Tafadhali usiruke hapo. Mara ya kwanza nilizichemsha nzima nzima, mchuzi ukawa mchungu tukaumwaga wote. Ziloweke nusu saa katika vikombe viwili vya maji, uchemshe kwa moto mdogo dakika kumi, kisha uchuje.

Samaki wa kukaanga awe mbuta. Ngege ni mtamu lakini humeguka karaini, na kapu wa Naivasha ana miiba mingi mno kwa watoto. Kata minofu vipande vya ukubwa wa vidole viwili, tia chumvi, ngoja robo saa, kisha futa maji yote yanayotoka, kwa sababu shombo hutoka nayo. Pakaza konflawa kidogo, kaanga hadi iwe rangi ya dhahabu, weka kando.

Kwa mboga wewe umebarikiwa kuliko mimi, na karoti na kabeji za Molo ziko mlangoni pako. Kata nyembamba. Karai liwe moto kwelikweli, utie tangawizi na kitunguu saumu, halafu karoti, hoho, na kabeji mwisho. Tia kidogo kidogo! Ukilijaza karai mboga hutoa maji zikachemka, na mboga iliyochemka haina ule mlio mdomoni. Sasa mimina nusu kikombe cha mchuzi wa omena, vijiko viwili vya soya sosi, kijiko kimoja cha sukari na ndimu kidogo. Wao hutia mirin, pombe tamu ya mchele, sukari inanitosha. Chumvi usiongeze. Rudisha samaki, geuza taratibu, na sosi ikianza kung'aa zima moto. Juu yake nyunyiza simsim iliyokaangwa kavu, ileile ya Busia.

Lakini kilichonigusa zaidi ni mrenda. Murere wenu Waluhya, apoth wetu Wajaluo, huliwa Japani pia, nao huuita moroheiya! Huuchemsha muda mfupi tu, wakaukatakata mpaka uvutike, wakadondoshea soya sosi. Niliupika hivyo, bila magadi wala maziwa, nikauweka kando ya samaki. Miaka yote nilidhani ule uteute ni wetu peke yetu, kitu cha kuwaficha wageni. Kumbe kuna watu mbali huko wanaoupenda kwa sababu hiyohiyo. Nilifurahi sana, dada yangu.

Mimi nilipika na wali wa Ahero. Baba alikubali kila kitu, ila wali akausogeza pembeni akaomba ugali, na nakuambia ukweli, ile sosi na ugali vinaelewana.

Nimekufungia gorogoro moja ya omena, itakuja na gari la kesho asubuhi. Nusu nimeshaziondoa vichwa. Zilizobaki watoto wakusaidie, kisha unipigie Jumamosi mkiwa mezani.

Wako,
Atieno