Matengenezo ya Kanisa hayakuishia kanisani

Mhariri,

Kila Oktoba 31, siku ya kukumbuka Matengenezo ya Kanisa, ikikaribia, makala kuhusu Martin Luther, mtawa Mjerumani aliyeyaanzisha, huanza na kuishia na zile hoja 95 alizotoa mwaka 1517 kupinga uuzaji wa vyeti vya msamaha kanisani, kana kwamba kilichobadilika ni ibada tu.

Mwaka 1523 mji wa Leisnig, Ujerumani, ulipanga mapato ya kanisa yaingie mfuko mmoja wa kugharimia wachungaji, shule na maskini. Mwaka uliofuata Luther aliwaandikia madiwani wa miji wafungue shule, hata za wasichana. Hayo tunayasifu, na ni haki.

Lakini Machi 1525 wakulima waliokutana Memmingen, mji wa kusini mwa Ujerumani, walitoa madai 12: wajichagulie mchungaji, wasiwe tena mali ya makabaila, misitu irudishwe kwa vijiji. Kila dai walilitetea kwa Biblia. Luther, ambaye mwanzoni aliwakemea hata makabaila wenyewe, aligeuka wakulima walipoasi, akawahimiza watawala wawaue bila huruma. Makumi ya maelfu waliuawa, na usimamizi wa makanisa ya Kilutheri ukazidi kushikwa na watawala hao hao.

Mwaka huu tuchapishieni basi madai hayo 12, tuyasome wenyewe.

Msomaji,
Moshi