Mkurugenzi akihamishwa, amri ya mahakama nayo inahama?

Mhariri,

Nimekaa kimya muda mrefu ila ile habari yenu ya halmashauri kuitwa mahakamani ijieleze kwa nini haijatekeleza amri, pale mlipoandika shauri limeahirishwa kwa sababu mkurugenzi ni mgeni, imenitonesha kidonda.

Marehemu mama alikuwa na kiwanja huku Ujiji. Halmashauri moja, siitaji, ikataka kupitisha barabara bila kulipa fidia, tukaenda mahakamani tukapata zuio, yaani amri ya kuwazuia wasiguse kiwanja. Amri ikapelekwa ofisini kwao, masjala wakagonga muhuri wa kupokea, nakala tunayo mpaka leo. Kesho yake greda likaingia likang'oa michikichi na ukuta wa jiko, kaka yangu amesimama pale na karatasi mkononi, dereva anamwambia kaka mimi natumwa tu muulize bosi, bosi ukimpigia anasema muulizeni mwanasheria, mwanasheria yuko Dodoma kikaoni. Wakili akatuambia tufungue maombi ya kudharau amri, maana Sheria ya Mwenendo wa Madai inaruhusu anayevunja zuio afungwe kama mfungwa wa madai, siyo wa jinai, hadi miezi sita. Tukafungua. Kuja kusikilizwa, mkurugenzi aliyetuma greda kashahamishwa mkoa mwingine, aliyekuja anasema yeye hakuwepo, sasa afungwe nani? Mama amefariki shauri bado linapigwa tarehe. Na mahakama hiyohiyo nimeona kijana akiwekwa mahabusu palepale kisa kujibizana na hakimu.

Kesi ya kuidai serikali au halmashauri pesa ndo usiseme. Kabla ya kushtaki unatoa notisi ya siku 90, unamuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali kwenye kesi, na ukishinda mali ya serikali haikamatwi, dalali wa mahakama hagusi hata kiti, unapewa hati ya deni unakaa kusubiri bajeti. Hata huko juu ni hivyohivyo. Mwaka 2016 Mahakama Kuu iliipa serikali mwaka mmoja irekebishe vifungu vya 13 na 17 vya Sheria ya Ndoa vinavyoacha binti wa miaka 15 aolewe, serikali ikakata rufaa, ikashindwa Oktoba 2019, na miaka ikaendelea kupita vifungu viko vilevile. Halafu Katiba ibara ya 107A inasema mwenye kauli ya mwisho kwenye kutoa haki ni Mahakama!

Mimi naomba hivi. Amri yoyote dhidi ya halmashauri iandikwe jina la anayekalia kiti cha mkurugenzi siku hiyo, aipokee na kusaini mwenyewe siyo masjala, na kikao kinachofuata cha baraza la madiwani aisome kwa sauti wananchi wakiwepo. Akihamishwa asikabidhi ofisi mpaka aandike kwa mkono wake ametekeleza nini na nini bado. Kama hajatekeleza, samansi imfuate hukohuko kituo kipya na nauli ya kurudi Kigoma alipe kwa mshahara wake.

Msomaji wenu,
Ujiji, Kigoma